Mzazi Ana Ushauri, Hana Kura ya Turufu: Barua ya Wazi kwa Wafungishaji Ndoa

Kwa waheshimiwa mapadri, wachungaji, mashehe na wasajili wa ndoa wa Tanzania Bara.

Barua hii haikuandikwa kwa wazazi, ingawa wao ndio watakaotajwa sana. Imeandikwa kwenu kwa sababu leseni ya kufungisha ndoa mnayo ninyi, na ni mbele ya meza zenu ambapo mtu wa miaka 30, mwenye kazi yake, anayejilipia kodi ya nyumba, mpiga kura, huulizwa barua ya baba. Akisema baba hajaridhika, huambiwa aende nyumbani akayamalize kwanza. Wengine huenda na kurudi hadi wakachoka. Wengine hawarudi tena: wanakodi chumba, wanahamia pamoja, na mtaa unawapa jina la sogea tukae.

Hakuna anayeidharau ridhaa ya wazazi. Posa ni moja ya mambo mazuri tuliyorithi. Mshenga anafika jioni na barua ndani ya bahasha, bahasha ndani ya leso, na noti kadhaa zimekunjwa humo humo. Anakaribishwa mkekani, lakini hasemi neno mpaka atoe kifungua mlango. Barua inasomwa na mjomba au baba mdogo, majibu yanaahidiwa baada ya wiki mbili tatu, na katika wiki hizo jamaa wanaulizana: kijana huyu ni wa nani, anasali wapi, amewahi kuoa? Zikifika siku za mahari kuna mkaja wa mama na kilemba cha baba. Koo mbili zilizokuwa hazijuani zinaanza kuitana wakwe. Nani angependa hayo yafutike?

Lakini posa ni mazungumzo ya familia mbili, na ndoa ni mkataba wa watu wawili. Mazungumzo yakikwama, mkataba haufi. Hilo ndilo linalosahaulika kila mara barua ya baba inapogeuzwa kuwa sharti.

Sheria ya Ndoa ilianza kutumika tarehe 1 Mei 1971. Haikudondoka kutoka mbinguni: Serikali ilichapisha mapendekezo yake mwaka 1969, yakabishaniwa nchi nzima, na ndipo Bunge likaipitisha sheria moja kwa watu wa dini zote na mila zote za Tanzania Bara. Kifungu cha 16 kinataka ndoa ifungwe kwa hiari ya wanaooana, hiari isiyo na shuruti. Wanaooana ni wawili. Mzazi anakuja kutajwa katika kifungu cha 17, na ametajwa kwa ajili ya mtu mmoja tu: binti ambaye hajafikisha miaka 18. Huyo alitakiwa apate ridhaa ya baba. Baba akiwa amefariki, ya mama. Wote wakiwa wamefariki, ya mlezi. Kijana wa kiume hakutajwa, maana umri wake wa kuoa ulikuwa tayari miaka 18. Na hata kwa huyo binti mdogo, mahakama ilipewa uwezo wa kuruhusu ndoa pale mzazi anapokatalia ridhaa bila sababu ya maana.

Kisha ikaja kesi ya Rebeca Gyumi dhidi ya Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Tarehe 8 Julai 2016 Mahakama Kuu ilitamka kwamba vifungu vya 13 na 17, vilivyoruhusu binti aolewe kabla ya miaka 18, vinakwenda kinyume na Katiba. Serikali ikakata rufaa, na Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani ikaitupa rufaa hiyo. Wengi waliifuata kesi ile kama kesi ya ndoa za utotoni, na walikuwa sahihi. Lakini iangalieni pia kutoka huku kwenye meza zenu. Ridhaa ya mzazi ilikuwa na nafasi moja katika Sheria ya Ndoa, nayo ilikuwa ni kumwoza mtoto. Mahakama ya juu kabisa nchini imesema mtoto asiozwe. Basi barua ya baba inayodaiwa kwa mwalimu wa sekondari mwenye miaka 31 inasimama juu ya kifungu gani?

Sheria inawajua watu wanaotaka kuzuia ndoa, na imewapa mlango. Wanaotaka kuoana wanatoa taarifa ya kusudio lao angalau siku 21 kabla, na taarifa hiyo inatangazwa: kanisani Jumapili, au kwenye ubao wa matangazo wa ofisi ya wilaya, majina ya wawili, umri wao, wanakoishi. Yeyote mwenye pingamizi analileta ndani ya siku hizo. Lakini pingamizi lazima liwe la kitu ambacho sheria yenyewe inakihesabu kuwa ni kizuizi. Mmoja hajafikisha umri. Wawili hao ni ndugu wa damu wa karibu. Mmoja yumo katika ndoa ya mke mmoja ambayo haijavunjwa. Mmoja amelazimishwa. Mke aliyepo katika ndoa ya mitala naye ana sababu zake za ziada, na sheria imemsikiliza. Baba kuchukia kabila la mkwe hakumo. Mama kuona kijana hana gari hakumo. Ukoo kukumbuka ugomvi wa shamba wa enzi za babu hakumo.

Wala mahari si kitanzi. Kifungu cha 41 kinasema ndoa iliyotimiza masharti ya sheria ni halali hata kama mila ya mahari haikufuatwa. Maana yake baba anayekataa kupokea mahari ili ndoa isifungwe amekataa ng'ombe tu. Kenya nayo imefika hapo kwa njia yake: Sheria ya Ndoa ya 2014 inasema pale mila inapodai mahari ili kuthibitisha ndoa, kiasi kidogo cha ishara kinatosha. Na Katiba ya Kenya ya 2010, ibara ya 45, inampa kila mtu mzima haki ya kuoana na mtu wa jinsia nyingine kwa hiari ya wahusika. Imewataja wahusika, haikuwataja wazazi wao. Itifaki ya Maputo juu ya haki za wanawake wa Afrika, ambayo Tanzania iliiridhia mwaka 2007, inakataza ndoa yoyote isiyo na hiari kamili ya wote wawili.

Visiwani kuna kumbukumbu inayofaa kutajwa hapa, kwa sababu inaionyesha hiari kutoka upande wa pili. Mwaka 1970, Zanzibar, mabinti wanne wa asili ya Kiajemi waliozwa kwa nguvu kwa wakubwa wa Baraza la Mapinduzi. Baadhi ya ndugu zao wa kiume waliopinga walikamatwa. Dunia ikapiga kelele, na kwa haki. Siku hizo jamaa waliosema hapana walisimama mahali panapostahili, kwa sababu mabinti wenyewe walikuwa wamesema hapana. Kilichowafanya wawe na haki ni kwamba sauti yao na ya watoto wao ilikuwa moja. Mzazi anayemlinda binti dhidi ya mume asiyemtaka anailinda hiari. Mzazi anayemzuia binti asiolewe na amtakaye anaivunja hiari ileile.

Sasa kwenu mashehe na makadhi. Mtasema, na ni kweli, kwamba katika madhehebu ya Imamu Shafi, yanayofuatwa na Waislamu wengi wa mwambao wetu, mwanamke haolewi bila walii. Barua hii haiji kuwafundisha dini. Inakumbusha tu yaliyomo kwenye vitabu mnavyosomesha. Sahaba Maaqil bin Yasar alimwoza dada yake kwa mtu. Mtu yule akamwacha, eda ikaisha, kisha akarudi kuposa. Maaqil akapandwa na hasira, akaapa hatamrudishia, ilhali dada mwenyewe alikuwa akimtaka mumewe. Kwa tukio hilo ikashuka aya ya 232 ya Suratul Baqara, ikiwakataza mawalii kuwazuia wanawake kuolewa na waume zao pale walipokwisha kuridhiana kwa wema. Maaqil alipoisikia alimwita yule mwanamume akamwoza. Na Khansaa binti Khidam, mwanamke aliyekwisha kuolewa kabla, aliozwa na baba yake kwa mtu asiyemtaka. Akaenda kwa Mtume, na ndoa ile ikabatilishwa.

Fikihi ikajenga juu ya hayo. Mwanamke mtu mzima mwenye akili timamu akimtaka mwanamume wa kufu yake, na walii akakataa bila sababu ya kisheria, kitendo hicho kina jina: adhli. Uwalii unamtoka, na hakimu wa Kiislamu anasimama mahali pake. Walii akiwa mbali kwa umbali wa safari ya kupunguza sala, hali kadhalika. Wasomali wa pande zote za mpaka wanaijua vizuri kanuni hii ya masafa, na vijana wao wengi wamesafiri kwa ajili yake. Kwa hiyo shehe anayemwambia binti wa miaka 29 akamsubiri baba yake alainike, bila kumwita baba huyo na kumuuliza sababu, bila kuipima sababu yenyewe, ameishika nusu ya mas'ala na kuiacha nusu iliyomhusu binti.

Kwa mapadri jambo ni fupi zaidi, maana Kanisa lilikwisha kulimaliza. Mtaguso wa Trento, mwaka 1563, ulisema Kanisa linazichukia ndoa za watoto wanaooana bila ridhaa ya wazazi. Na katika hati hiyohiyo ukawalaani wanaodai kwamba ndoa hizo ni batili, au kwamba mzazi ana uwezo wa kuzifanya halali au kuzibatilisha. Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983 inasema kinachofanya ndoa ni ridhaa ya wanaooana, na hakuna mamlaka ya binadamu inayoweza kuiweka ridhaa hiyo badala yao. Kanuni ya 1071 inamtaka padri apate kibali cha askofu kabla ya kufungisha ndoa ya mtu ambaye hajafikia utu uzima iwapo wazazi hawajui au wanapinga kwa sababu ya haki. Kwa mtu mzima, pingamizi la wazazi halimo katika orodha hiyo.

Wachungaji wa Kilutheri wanaweza kumtaja Martin Luther, aliyetaka vijana wasichumbiane bila wazazi kujua. Ni kweli. Lakini maandishi yake ya mwaka 1524 juu ya jambo hilo yanaanza, katika kichwa chenyewe, kwa kuwakataza wazazi kuwalazimisha watoto ndoa au kuwazuia wasioane. Ndipo anapofika kwa watoto.

Kinachotokea mfungishaji ndoa anapoogopa kimekwisha kuonekana Afrika, na kwa gharama kubwa. Seretse Khama, mrithi wa utemi wa Bamangwato katika Bechuanaland, Botswana ya leo, alilelewa na baba yake mdogo Tshekedi, aliyeshika madaraka kwa niaba yake. Tshekedi akampeleka Uingereza kusoma sheria. Huko mwaka 1947 akakutana na Ruth Williams, karani katika shughuli za bima. Walipotaka kuoana, pande zote mbili ziliwaka moto. Baba yake Ruth hakutaka kusikia. Tshekedi akaandika barua, akapiga simu, akawatumia wamisionari wa London waizuie ndoa. Kanisa lilikwisha kukubali kuifunga, siku ikapangwa, kisha kasisi akaingiwa na hofu, akawapeleka kwa Askofu wa London. Askofu akasema haruhusu mpaka Serikali ikubali.

Hapo Seretse alikuwa na miaka 27. Hakuna sheria ya Uingereza iliyomkataza. Hakuna fundisho la kanisa lililomkataza. Watu wenye kalamu walikuwa wakitazamana tu, kila mmoja akisubiri mwenzake aseme ndiyo. Siku chache baadaye, tarehe 29 Septemba 1948, wawili hao wakaenda kwa msajili wa serikali mtaa wa Kensington. Msajili akaangalia umri wao, akaangalia kwamba hakuna aliye na ndoa nyingine, akawafungisha.

Waliopinga waliendelea kujaribu kuivunja. Lakini Juni 1949, katika kgotla, yaani baraza la kabila, pale Serowe, wanaume kwa maelfu walisimama upande wa Seretse na mkewe, na Tshekedi akabaki na wachache. Serikali ya Uingereza, ikiiogopa Afrika Kusini iliyokuwa ikijenga ubaguzi wake, ikamfungia Seretse nje ya nchi yake mwaka 1950. Alirudi 1956 baada ya kuuacha utemi, na yeye na baba yake mdogo wakapatana. Septemba 1966 akawa Rais wa kwanza wa Botswana, Ruth akiwa pembeni yake, na walibaki mume na mke mpaka Seretse alipofariki mwaka 1980. Wazee waliopinga walipata nafasi ya kupatana naye. Kasisi na askofu hawakupata nafasi ya kuifunga ndoa ile tena.

Mzazi anayekataa mara nyingi si mtu mbaya. Amewaona watoto wa wenzake wakirudi nyumbani na alama za kipigo. Amesikia kijana huyu ana mke mwingine Mwanza, au anacheza kamari, au amebadilisha dini mara mbili ili tu apate mke. Hofu hizo zina haki ya kusikilizwa, na ninyi ndio mlio na uwezo wa kuzisikiliza vizuri kuliko mtu mwingine yeyote. Siku 21 za tangazo ziliwekwa kwa ajili ya hofu kama hizo. Anayejua kwamba mwanamume ana ndoa hai, alete cheti au mashahidi. Anayeona binti yake anatishwa, aseme nani anamtisha. Hapo mzazi anafanya kazi ambayo hakuna ofisi inayoweza kuifanya badala yake. Na akiwa hana ushahidi ila ana wasiwasi, amwambie mtoto wake wasiwasi huo, mara moja au mara kumi. Ndiyo maana ya ushauri. Mtoto aliyefikisha utu uzima atausikia, ataupima, kisha ataamua, na matokeo ya uamuzi wake atayabeba yeye.

Gharama ya kuwarudisha nyumbani watu wazima haionekani siku ile wanapotoka ofisini kwenu. Inaonekana miaka kumi baadaye, msibani. Kifungu cha 160 cha Sheria ya Ndoa kinasema mwanamume na mwanamke walioishi pamoja miaka miwili au zaidi, wakajulikana kuwa mume na mke, watadhaniwa kuwa na ndoa. Watadhaniwa, na dhana inaweza kupingwa. Mwanamke anaingia mahakama ya mwanzo na picha za kwenye simu, kadi ya kliniki ya mtoto na barua ya mwenyekiti wa mtaa. Shemeji zake wanaingia na muhtasari wa kikao cha ukoo, umesainiwa na watu tisa, jina lake halimo. Yeye ndiye anayetakiwa kuthibitisha maisha yake yote. Cheti kimoja cha ndoa kingemwondolea nusu ya mzigo huo, na cheti hicho alikikosa kwa sababu mtu fulani mwenye leseni alitaka barua ya baba.

Ukoo una nguvu hata cheti kikiwepo. Mwaka 1987 Kenya nzima ilifuatilia kesi ya mazishi ya wakili S.M. Otieno, Mjaluo aliyemwoa Wambui, Mkikuyu, mwaka 1963. Mjane alitaka mumewe azikwe karibu na Nairobi. Ukoo wa Umira Kager ukataka mwili uende kwao Siaya, na mahakama ikaupa ukoo. Kama mwanamke wa hadhi ile, mwenye ndoa inayojulikana kisheria, alishindwa, mwenye kadi ya kliniki atafika wapi? Wambui huyohuyo, mwaka 2003, akiwa na miaka 67, aliolewa na kijana aliyekuwa mdogo kwake kwa miongo kadhaa, kelele za jamaa na za magazeti zikiwa zimejaa nchi. Msajili aliwafungisha. Waliishi pamoja mpaka Wambui alipofariki Agosti 2011.

Kwa hiyo ombi linalofika mbele yenu ni hili. Mtu aliyefikisha miaka 18 akija na mwenzake, waulizeni kila mmoja peke yake, mlango ukiwa umefungwa, kama amekuja kwa hiari. Ulizeni kuhusu ndoa za nyuma. Ulizeni undugu. Mkigundua wazazi wanapinga, waiteni wazazi muwasikilize, tena kwa heshima yote. Wakileta kizuizi cha kisheria, simamisheni. Wakileta kinyongo, wapeni pole na muendelee na tarehe. Waambieni wazi kwamba kiti chao kanisani au msikitini kipo, na kwamba ndoa itafungwa wawepo wasiwepo. Shehe aliyekutana na walii mkaidi ampeleke binti kwa kadhi badala ya kumrudisha kwa baba. Padri awasomee wazazi sheria ya Kanisa lao wenyewe.

Na msajili wa wilaya, ambaye kitabu chake cha kurejea ni Sheria ya Ndoa peke yake, aache kudai barua ya mzazi kwa mtu mzima kuanzia Jumatatu hii. Kifungu cha kuidai hakipo.